Mmh ya Judica

Mke wangu Judica hajawahi kusema neno hata moja mbele ya kamera, na ndiye maarufu. Nianzie hapo, kwa sababu kila anayefika kwetu Masakta siku hizi anaanzia hapo. Wanapita mbele yangu, mimi mwenye sauti, wananitupia shikamoo ya haraka haraka, halafu wanauliza, "Mama yupo?"

Mama yupo. Yuko nyuma ya nyumba, anapukuchua mahindi.

Alizaliwa Getanuwas, binti wa kwanza wa mzee Sulle, na mzee Sulle alikuwa fundi wa maneno ya kubariki. Kwetu sisi Wairaqw, mzee akisimama mbele ya watu kubariki, iwe ni harusi, iwe ni nyumba mpya, hasemi mfululizo kama mtangazaji wa redio. Anasema kipande, ananyamaza, walioketi wanaitikia kutoka kifuani, ndipo anaendelea. Asipoitikiwa, maneno yanamfia mdomoni. Sasa mzee Sulle alikuwa na tabia ya kujifua nyumbani kabla ya shughuli, na wa kumwitikia nyumbani alikuwa Judica. Jembe mkononi, mdogo wake mgongoni, baba anasema kipande, mtoto anaitikia. Mdomo haufunguki. Mmh.

Ana Mmh za aina tatu. Ya kwanza ni fupi: nimekusikia. Ya pili inapanda kidogo mwishoni: endelea, bado hujamaliza. Ya tatu inashuka chini na kukaa huko huko, na ukiipata hiyo ujue umesema kweli, unaweza kuketi. Mzee Sulle aliipata mara nyingi. Mimi mumewe nimeipata mara moja, siku niliposema kwenye msiba wa huyo huyo mzee Sulle. Tangu siku hiyo naitafuta, na yeye anajua kwamba naitafuta.

Mimi ni Basili. Nalima mahindi, mbaazi na maharage kama wenzangu, lakini Mungu alinipa sauti. Siyo ya kuimba, kwaya walinitoa mapema. Ni sauti ya historia. Mnazijua zile filamu za historia za kwenye televisheni: picha ya zamani, kamera inaisogelea polepole, na mwanaume asiyeonekana anasema mambo mazito kwa uhakika ambao hata padri wetu hana. "Hakuna aliyejua kwamba siku hiyo dunia ingebadilika." Kila filamu, hakuna aliyejua! Kila filamu, jua linachomoza "kama kawaida yake". Ananyamaza, ngoma inalia, halafu anauliza, "Lakini je, ni nani hasa aliyefungua lango?" Na wewe uliyekaa na chai yako unashtuka kana kwamba lango ni la boma lako.

Nilizipenda filamu hizo mpaka nikaanza kuzicheka. Nikawa nazungumza hivyo hivyo kuhusu mambo yetu: mbuzi wa jirani, foleni ya kisimani, kikao cha shule kilichovunjika kwa sababu ya viti. Watu walicheka sana. Hasani, kijana mwenye duka la simu pale Katesh, alinisikia siku alipokuja kututengenezea sola, akasema, "Mzee Basili, hii lazima tuirekodi. Watu watakufa kwa kucheka." Nilijifanya kukataa. Moyoni nilikuwa nimeshachagua koti.

Filamu yetu ya kwanza iliitwa *Jembe la Bernadina*. Bernadina ni jirani yetu, na jembe lake liliwahi kuazimwa, likazunguka nyumba hadi nyumba, likarudi na mpini usio wake. Nikavaa koti la kanisani, nikaketi mbele ya kabati la vyombo. Hasani akaweka simu juu ya debe. Nikaanza.

"Masakta. Nchi ya vilima na upepo. Jua linachomoza kama kawaida yake. Jembe hili, lililofuliwa na mikono isiyojulikana, linaegemea ukuta. Halijui kwamba halitauona tena ukuta huu kwa misimu miwili."

Nikanyamaza. Kunyamaza ndiyo kazi yenyewe, mtu yeyote anaweza kusema. Kutoka nyuma yangu, alipoketi Judica na ungo wake wa mahindi, ikaja: "Mmh."

Nikageuka. "Mama Lucia!"

"Nini?"

"Tunarekodi."

"Si umenyamaza? Nikajua unaningoja."

Hasani alikuwa amejiziba mdomo. Tukaanza upya. "Wanahistoria wamegawanyika," nikasema. "Mmh," ile ya kupanda. "Wapo wanaodai kwamba jembe lilivuka korongo kwa hiari yake." "Mmh," ile fupi, na haikuonyesha imani kubwa. Nikamwambia aache. Akaniambia, bila ugomvi, kwamba mtu mzima hawezi kusema maneno mazito namna ile halafu aachwe peke yake. "Utaonekana huna watu, baba Lucia."

Nilimwambia Hasani aikate sauti yake. Hasani, Mungu amsamehe, akairusha mtandaoni kama ilivyo.

Mnajua kilichofuata. Mpaka madereva wa malori ya ngano kule Basotu wakawa wanapishana barabarani na kupeana Mmh badala ya honi. Wanafunzi walimwitikia mwalimu mkuu hivyo paredi nzima, na mwalimu mkuu akaja kwangu kulalamika. Kwangu! Hasani alinisomea maoni ya watu, na mimi, mjinga, nikamwambia asome yote. "Huyo mama wa nyuma ni nani?" "Mama ametisha." "Huyo mzee apunguze maneno tumsikie mama." Dada yangu Tekla, tumbo moja na mimi, alipiga simu kutoka Mbulu akaomba aongee na Judica. Nikampa simu, nikabaki nimesimama pale, nikijua kwamba itarudi kwangu nisalimiwe. Haikurudi.

Niseme wazi: niliona wivu. Ulinikaa tumboni kama uji uliochacha, na ulikuwa unapanda kila mtu alipomsifia. Siku ya mnada tulikwenda Katesh pamoja, na mama mmoja anayeuza samaki wa Basotu akaacha wateja wake, akamshika Judica mikono miwili, akamchagulia kambale mkubwa kuliko wote. Kisha akaniangalia mimi, kwa upole kabisa, akauliza, "Na baba ndiye anayeshika simu?"

Njia nzima kurudi nilibeba yule kambale. Judica aliniuliza mbona nimekuwa kimya. Nikamwambia natunga.

Na kweli nilikuwa natunga. Filamu ya pili niliifanya bila yeye. Nilimtuma kwa Bernadina asaidie kupepeta maharage, nikasubiri mpaka kilemba chake kimepotea nyuma ya ua wa minyaa, ndipo nikamwambia Hasani tuanze. Iliitwa *Jogoo Aliyewika Kabla ya Wakati*, na mpaka leo nasema ndiyo kazi yangu bora.

"Ni usiku. Masakta imelala. Katika banda hili, jogoo mmoja, ambaye jina lake halikuandikwa popote, anafanya uamuzi utakaoliamsha bara zima." Nikanyamaza. Kimya kizuri, kirefu, hakuna wa kukiharibu. "Wengine waliuita usaliti. Wengine waliuita mapinduzi." Kimya. "Walimtafuta asubuhi, wakamkuta ndani ya sufuria. Alikufa na siri yake." Kimya. "Tetea wake alikuwepo tangu mwanzo. Aliona yote. Hakuna mwanahistoria aliyekwenda kumhoji." Kimya kirefu kuliko vyote, kwa sababu hapo ndipo nilipotaka watu wacheke.

Hawakucheka. Hawakuangalia. Wachache walioangalia waliandika, "Mama yuko wapi?" na "Mama anaumwa?" na mmoja, ambaye nikimpata tutaonana, "Mzee ameachwa nini?"

Ndipo televisheni ikaja. Msichana anaitwa Brightness alifika na gari kutoka Arusha. Alikuwa mwandaaji wa kipindi cha vichekesho cha kila Jumamosi, na alisema wanataka kutengeneza kipande cha kuzidhihaki zile filamu za historia. Nilipopata simu kwamba anakuja, nilivaa koti nikakaa nalo tangu asubuhi, jua likiwaka. Nilikuwa nimeingoja siku hiyo maisha yangu yote, na sisemi hivyo kwa sauti ya filamu.

"Shikamoo baba."

"Marahaba mwanangu. Karibu ndani."

Sikumpa nafasi ya kuketi vizuri. Nikampigia utangulizi mzima: vilima, upepo, jua kama kawaida yake. Nikamtajia mikono isiyojulikana. Nikanyamaza mahali pote panapotakiwa. Alisikiliza kwa adabu, mikono magotini, mpaka mwisho.

"Baba, una sauti nzuri kweli," akasema. "Ila msimulizi tunaye tayari, anaitwa Gidion. Sisi tunamtaka mama wa Mmh."

Judica alikuwa ndiyo kwanza anaingia na chai. Akaweka sinia mezani, akanitazama. "Niende, baba Lucia?"

Mtu angejibu nini, mgeni ameketi hapo? "Nenda," nikasema, kwa sauti ya historia, maana ile nyingine iligoma kutoka.

Akaenda. Na nilipobaki peke yangu, nilitamani akwame. Sikumtakia ajali wala homa, mimi si mchawi. Nilitamani tu taa zile kubwa zimwakie usoni, asahau, wamwambie asante mama, wamrudishe. Nilipika ugali wenye madonge. Jioni moja niliyatazama maharage yaliyokataa kuiva nikasema, "Maharage haya hayajui kinachoyasubiri." Nikanyamaza. Nje, ng'ombe alikuwa anacheua. Nikajikuta bado nimenyamaza, mwiko mkononi, namngoja mtu aliyeko Arusha.

Bernadina alipita kunijulia hali. Aliangalia ugali wangu, akaangalia pembeni. "Nasikia huyo Gidion ni kijana mzuri wa sura," akasema. "Mrefu." Kisha akaaga.

Hapo ndipo wivu ulipobadilika. Mwanzoni nilikuwa nalia kwamba Judica amechukua nafasi yangu. Sasa nikafikiria jambo ambalo sikuwa nimelifikiria: kwamba mwanaume mwingine atakuwa anasema, na mke wangu atakuwa anamwitikia. Afadhali angekwenda kumpikia. Kupika, watu wengi wamekula chakula cha Judica. Lakini wanaume wanaoitikiwa na Judica tulikuwa wawili tu duniani, na mmoja tumeshamzika.

Jumamosi hiyo duka la Hasani lilijaa mpaka watu wakakaa juu ya makreti ya soda. Wote waliniachia kiti cha mbele, kwa heshima, ndiyo ikawa mbaya zaidi. Kipindi kikaanza. Gidion huyo hapo: tai, miwani, kitabu kinene ambacho hakukifungua. Mrefu kweli. Nyuma yake, kwenye kigoda, Judica na ungo wake wa mahindi na kilemba kipya.

"Sufuria hili," akasema Gidion, "halikujua kwamba siku hiyo lingeazimwa."

Sufuria! Jembe langu wamelifanya sufuria.

Gidion akanyamaza. "Mmh," akasema Judica, na duka zima likapasuka kwa kicheko. Shabani, mwenye mashine ya kusaga, alikuwa ananipiga mgongoni kana kwamba nimefunga goli. Mimi nilikuwa nahesabu makosa ya yule kijana. Ananyamaza vibaya, ananyamaza kama mtu aliyesahau maneno. Anasema "wanahistoria" akitabasamu, na mtu akitabasamu historia imekwisha. Lakini nilimwangalia zaidi mke wangu. Alikuwa anagusagusa kilemba chake karibu na sikio. Kidogo tu anagusa tena. Nyumbani hagusi kilemba hata aje askofu. Anajiweka vizuri, nikasema moyoni. Anajiweka vizuri kwa ajili ya Mrefu.

Halafu Gidion akasema, "Na mfuniko wake haukuonekana tena."

Akanyamaza. Na Judica akaitoa ya tatu.

Niliisikia vizuri. Ilishuka chini, ikakaa huko. Mikono yake iliacha kupukuchua. Watu walicheka mpaka mmoja akaanguka kutoka kwenye kreti, kwa sababu ni kweli inachekesha, mtu kuguswa namna ile na mfuniko. Mimi nilisimama. Ile ile niliyoipata mara moja katika ndoa nzima, tena kwa kumzika baba yake, kijana wa tai ameipata kwa mfuniko wa sufuria.

"Mzee Basili, mbona unaondoka? Bado haijaisha," akasema Hasani.

"Nimeacha ndama nje," nikamwambia.

Judica alirudi siku iliyofuata baada ya misa. Aliingia jikoni, akaliona sufuria nililounguza, akalijaza maji akaliloweka. Akapika. Tukala. Nilikuwa nimeandaa maneno mengi ya kumwambia, na yote yalikuwa na ngoma nyuma yake.

"Umeniona?" akauliza.

"Nimekuona."

"Ilikuwaje?"

"Huyo Gidion anasema kweli sana," nikasema. "Hasa kuhusu mfuniko."

"Mfuniko gani?"

"Mama Lucia, usinifanye mtoto. Mfuniko wa sufuria. Umemwitikia ile ya baba yako. Katesh nzima imesikia."

Kisha akacheka, akaacha, akaona kwamba mimi sicheki.

"Mimi sijui habari ya mfuniko," akasema. "Huyo kijana sikuwa namsikia."

Nikamwambia alikuwa ameketi nyuma yake, angekosaje kumsikia.

"Kijana ana adabu, ila hanipi mahali pa kuingia. Ananyamaza anaangalia kamera. Haningoji mimi. Tulirudia, tukarudia, kila nikiingia ameshaanza kusema tena, mpaka Brightness akawa anang'ata kucha. Nikamwambia, mwanangu, mimi huyu sijui anapumulia wapi. Mimi namjua baba Lucia. Akafikiri, akaniwekea kidude sikioni, hapa, ndani ya kilemba. Kilikuwa kinateleza hicho, nakishika kila saa. Akanipigia sauti yako, ile ya filamu. Gidion akawa anasema ya kwake mbele huko, mimi nasikiliza ya kwako. Wao ndio waliokwenda kuyapanga yaendane."

"Ulikuwa unasikiliza jembe?"

"Jogoo. Kwenye jembe nimeshaitikia mwenyewe mle ndani, ningeitikia nini tena? La jogoo ndilo lina nafasi."

Lina nafasi, ndiyo. Nilizitengeneza mimi mwenyewe, siku niliyomtuma akapepete maharage ya watu.

Kwa hiyo sauti yangu imefika televisheni. Imeingia studio ya Arusha, chini ya zile taa, ikasema kila nilichotaka iseme. Na katika nchi nzima imesikiwa na mtu mmoja, ambaye angeisikia hata jikoni.

Lakini kuna kitu kilikuwa bado kinanichoma. "Ile ya chini," nikasema. "Kama si mfuniko, ilikuwa wapi?"

Judica akaanza kukusanya sahani. "Pale kwa tetea."

"Kwa tetea?"

"Pale uliposema alikuwepo tangu mwanzo, na hakuna aliyekwenda kumhoji." Akapangusa meza. "Hapo ulisema kweli."

Niliiweka ile sentensi ili watu wacheke. Siwezi kusema kwamba nilikuwa na maana nyingine, ningekuwa naongopa. Nilimwangalia akipangusa meza, mahali pale pale anapoketi siku zote, nyuma kidogo ya kiti changu, na nikajaribu kukumbuka ni lini nilimuuliza jambo nikangoja jibu. Nikamkumbuka mzee Sulle. Nikakumbuka maneno yake mengi. Ya Judica mwenyewe sikuwa nayo.

"Hebu kaa," nikasema. "Arusha ilikuwaje?"

Akanitazama kama mtu anayeangalia kama pana mtego. Kisha akaketi, kitambaa bado mkononi, akaanza. Alianza na gari, jinsi dereva alivyokuwa anaogopa ng'ombe barabarani kuliko malori. Akaja kwenye chumba cha taa, na kitabu cha Gidion ambacho alikifunua wakati wa chai akakuta ni boksi tupu la biskuti, na msichana aliyempaka poda akimuuliza uso huu ameupaka nini, akamjibu, jua. Hakupandisha sauti wala hakuita ngoma. Anasimulia vizuri kuliko mimi, na wivu ukanipanda upya, palepale, mbele ya sahani chafu.

Akafika mahali akanyamaza.

Nikavuta pumzi, nikafunga mdomo, nikaitoa: "Mmh." Ilitoka puani, nyembamba, ya mtu asiyewahi kuitikia.

"Umewahi mno," akasema Judica. "Sijamaliza."

Nikafunga mdomo, nikangoja.